Barua ya wazi kwa Waziri wa Leba na magavana wa Kericho, Bomet na Nandi: hesabuni kwanza waliotolewa na mashine za chai

Waheshimiwa,

Nawaandikia nikiwa dukani, hapa senta ndogo iliyo nje ya geti la shamba kubwa la chai upande wa Kericho. Jina la kampuni sitaitaja, na si ati naogopa, ni juu hii stori haiko kwa shamba moja, ukitoka hapa uende Bomet ama Nandi Hills utaikuta vilevile tu. Mimi ni mtoto wa mchunaji. Mama alitoka Nyamira akaingia shambani mwaka 2002, akachuna mpaka mwisho wa 2021, miaka 19, na sisi watoto wake wanne tumelelewa kwa kilo. Nasema kwa kilo juu ndivyo tulikuwa tunahesabu kila kitu pale nyumbani, unga ni kilo ngapi za majani, viatu vya shule ni kilo ngapi, na ukipoteza kalamu mama anakuambia hiyo ni mgongo wangu wa asubuhi nzima umepoteza.

Sasa nisikizeni vizuri hapa kwa sababu ndipo barua yangu yote iko. Mama hakufutwa kazi. Hakuna siku aliitwa ofisini akaambiwa kuanzia leo huna kazi, hakuna barua alipewa, hakuna mtu wa chama cha wafanyikazi alikuja kumwambia kampuni imeleta notisi. Kontrakti yake ya msimu iliisha Desemba kama zile zingine zote zilizotangulia, akaambiwa aende apumzike, mvua ikianza ataitwa. Mvua ya Machi ikaja, majani yakaota, akangoja simu. Akamtumia supavaiza ujumbe, akajibiwa subiri kidogo. Mwezi wa tano akaamka akaenda mwenyewe mpaka bloku yao ile aliyochuna karibu maisha yake yote, akakuta vijana watatu na mashine, wawili wameishika huku na huku ya laini na mmoja nyuma anavuta ule mfuko unaojaa majani, na wanatembea tu, wanatembea kama watu wanaenda mahali. Akasimama pale barabarani akawaangalia kwa muda, halafu akarudi nyumbani akaanza kufunga vyombo. Hakulia, na hicho ndicho kitu kilinitisha mimi.

Kwa hivyo kwa vitabu vya kampuni mama hakupoteza kazi, na kwa vitabu vya ofisi ya leba mama hakupoteza kazi, na sidhani kwa vitabu vya Serikali kuna mahali popote jina lake liliandikwa kwamba huyu alitolewa na mashine. Kazi iliisha tu, kama vile mvua huisha.

Mimi si wakili lakini nimesoma Sheria ya Ajira ya 2007 kwa simu, hapa hapa nikingoja wateja, na kile kifungu cha 40 nimekisoma mpaka nakijua. Kinasema mwajiri akitaka kupunguza watu kwa sababu kazi yao haihitajiki tena, lazima atoe notisi ya mwezi mmoja au zaidi kwa chama na kwa afisa wa leba, aseme sababu na aseme ni watu wangapi. Kinasema wakati wa kuchagua nani aende nani abaki aangalie nani amekaa sana kazini, na ujuzi, na uwezo, na kama mtu anategemeka. Halafu kinasema kila anayetoka alipwe angalau siku 15 kwa kila mwaka aliomaliza. Mama na miaka yake 19 ingekuwa siku 285 za mshahara. Hizo pesa zingemnunulia ng'ombe wa maziwa pale Nyamira na zingelipia fomu three na four ya mdogo wetu wa mwisho. Lakini kontrakti ya msimu haivunjwi, inafika tarehe yake inakufa yenyewe, na hicho kifungu hakiigusi. Mtu anaajiriwa mara 19, na hesabu ya miaka inarudi sifuri kila Januari.

Hiyo ndiyo shida yangu na mashine, waheshimiwa. Sijasema mashine ichomwe. Mei 2023 watu walichoma huku kwetu, mnakumbuka, polisi wakaletwa, watu wakaumia na kuna aliyepoteza maisha, na mimi nilifunga duka siku hizo nikakaa na watoto ndani tukisikia milio. Asubuhi yake hakuna mama hata mmoja aliyerudishwa kazini kwa sababu ya ule moto. Na si ati hiyo ilikuwa mara ya kwanza watu kulalamika, mwaka 2010 wafanyikazi wa chai waligoma hapa Kericho juu ya mashine hizi hizi, mimi bado nilikuwa shule, na hoja za wakati ule ukizisikia leo ni zile zile, yaani kama tumekaa miaka zaidi ya kumi tukizungumza sentensi moja bila kufika kwa nukta.

Wacha niwaambie pia upande wa kampuni kwa haki, juu nimeishi na hawa watu na si wote wabaya. Wanasema bei ya chai kule mnada wa Mombasa haipandi vile gharama inapanda, kuni, stima, mbolea, mshahara unaokubaliwa na chama kila wakipatana, na wanasema mchunaji wa mkono ndiye gharama kubwa kuliko zote. Sibishi. Nikiwa mwenye shamba ningefanya hesabu hiyo hiyo. Na kusema ukweli kazi ya mkono si kitu cha kuimbiwa sifa na watu ambao hawajawahi kubeba kikapu, mama ana magoti ya mtu wa miaka themanini na yeye ana hamsini na saba, asubuhi umande unakulowesha mpaka kiunoni, vidole vinapasuka na ile rangi nyeusi ya utomvu haitoki hata ukisugua na limau. Kama mashine ingemtoa mama kwa hiyo kazi ikampeleka kwa kazi nyingine ningeibusu.

Lakini mkono una kitu chake. Mchunaji mzuri anachagua majani mawili na chipukizi, anaacha lile gumu, anaacha lile changa lipumzike, mkono unaona. Mashine inapita juu ya meza ya chai, yaani ule usawa wa juu wa vichaka, inakata kila kitu kimelingana, laini na gumu pamoja. Wakulima wadogo wanaopeleka majani KTDA, lile shirika la viwanda vya wakulima wadogo, wengi wao wanachuna kwa mkono mpaka leo na ndio wanaotoa zaidi ya nusu ya chai ya hii nchi, sasa mtu asituambie ati mkono hauwezi kulisha kiwanda. Hilo tu nasema, halafu naliacha, wenye ujuzi wa ladha walimalize wenyewe.

Kitu kingine ambacho hakisemwi sana ni nani anashika mashine. Zamani hizo laini asubuhi zilikuwa zimejaa akina mama, nyimbo, vijembe, habari za nani amejifungua. Kuna baba pia lakini akina mama walikuwa wengi na kwa kilo walikuwa wanawashinda wanaume waziwazi, mama yangu siku nzuri alikuwa anapita kilo arobaini na hajafika saa tisa. Sasa angalieni zile timu za mashine. Vijana wa kiume. Mashine ni nzito, inatetemeka, ina moshi, na wakati wa kuchagua nani afunzwe hakuna aliyekuja kwa akina mama akauliza nani anataka kujaribu. Jirani yetu mmoja aliomba, mama wa miaka thelathini na tano, ana nguvu kuliko wale vijana wote wawili, akaambiwa hii si kazi ya wanawake. Huyo huyo amebeba kikapu kilichojaa mgongoni tangu akiwa na miaka kumi na tisa! Sasa anafua nguo za watu huko Kericho mjini, siku akipata anapata, asipopata anarudi na miguu.

Na nyumba. Mtu wa mjini akipoteza kazi anabaki na nyumba hata kama landilodi anamsumbua, ana mwezi, ana miwili, anaongea. Kwa shamba la chai nyumba ni ya kazi. Kontrakti ikiisha chumba kinatakiwa, na ukitoka kwa chumba umetoka kwa shule ya watoto ambayo iko ndani ya shamba, umetoka kwa dispensari iliyo ndani ya shamba, umetoka kwa maji ya bomba, kila kitu kwa wiki moja. Mdogo wangu aliacha darasa la nane katikati ya muhula juu alihamia Nyamira na mama, akaingia shule mpya miezi michache kabla ya mtihani. Matokeo yake sitaandika hapa, ni ya kwake.

Mimi nilibaki kwa sababu ya duka. Niwaeleze duka kidogo kwa sababu nyinyi mnapenda takwimu na mimi takwimu zangu ni daftari la madeni. Mwaka 2018 nilikuwa na wateja wa kukopa mia moja na kumi na wachache, wote watu wa shamba, wanachukua unga, mafuta, sukari, sabuni, wanalipa mwisho wa mwezi mshahara ukiingia kwa M-Pesa, na walikuwa wanalipa, hawa watu wanalipa deni kuliko mtu yeyote ninayemjua. Leo hilo daftari lina watu thelathini na nne. Wengine nimechora mstari juu ya jina kwa sababu walihama na deni likabaki, na siwezi kuwafuata, nitamfuata mtu Migori kwa shilingi mia tatu? Fundi wa viatu wa hapa senta aliondoka. Mama wa mandazi aliondoka. Kinyozi yuko lakini anafungua Ijumaa mpaka Jumapili. Hakuna hata mmoja wa hawa aliyeajiriwa na kampuni ya chai, na wote watatu mashine imewafikia.

Kaunti ya Kericho ilifanya kitu kizuri, iliunda jopo, na mwaka 2023 jopo likasema kazi kama 30,000 zimepotea Kericho pekee kwa miaka kumi. Likapendekeza mashine zisipite asilimia 60 ya uvunaji na mkono ubaki na 40, na uingizaji wa hizo mashine uwekewe mipaka kwa sheria. Niliposikia hiyo namba redioni nilisimama nikazima jiko. Elfu thelathini. Na hiyo ni ya jopo, watu waliozunguka wakauliza, haikutoka kwa rejista yoyote ya Serikali inayosema fulani wa fulani alikuwa anafanya kazi hapa na sasa hafanyi. Kwa hivyo hatuna majina. Ukiwa huna majina huwezi kulipa, huwezi kufunza, huwezi hata kuomba msamaha. Halafu mashamba yenyewe yamekuwa yakibadilisha mikono, mwaka 2022 biashara ya chai ya Unilever ilienda kwa wengine, 2023 mashamba ya James Finlay yakanunuliwa na Browns ya Sri Lanka, na yale yaliyokuwa ya Unilever yakafuata. Mwenye shamba mpya atakuambia hao watu wa 2015 mimi siwajui. Na kwa kweli hawajui, juu hawajaandikwa.

Hebu pia mfikirie hii, nimeifikiria usiku mwingi. Mama akiwa kazini pesilipu yake ilikuwa na makato. Leo mchunaji yeyote aliye kazini anakatwa NSSF na mwajiri anaongeza, anakatwa asilimia 2.75 ya afya, anakatwa asilimia 1.5 ya nyumba na mwajiri analipa 1.5 nyingine, na mwajiri analipa shilingi 50 kila mwezi kwa kila kichwa, zile zinaenda NITA za kufunza wafanyikazi. Sasa toa wachunaji hamsini weka mashine moja na vijana watatu. Makato ya vichwa arobaini na saba yamekufa siku hiyo. Ile pesa ya hospitali imepungua, pesa ya uzeeni imepungua, pesa ya nyumba imepungua, na hata ile ya kufunza watu kazi mpya inapungua wakati ule ule ambapo watu wanahitaji kufunzwa kazi mpya. Serikali yenyewe imepoteza kazi pamoja na mama yangu na haijajua! Tumeweka mizigo yote ya hii nchi juu ya kichwa cha mtu aliyeajiriwa, na anayemtoa huyo mtu anatuliwa mzigo, anapewa faida mara mbili. Mimi sijui uchumi, lakini hiyo hesabu hata hapa dukani haiwezi kukubalika.

Kwa hivyo ninachoomba, Waziri, kwanza ni kuhesabu. Kampuni yoyote yenye shamba la chai iambiwe ilete orodha ya kila mtu aliyewahi kuwa na kontrakti za msimu zaidi ya tatu kwa miaka kumi iliyopita, tarehe ya kwanza, tarehe ya mwisho, na mashine ziliingia bloku gani mwaka gani. Hizo rekodi ziko. Kila kilo iliyopimwa iliandikwa, karani hakuwahi kusahau kilo hata moja, na wakati wa kukatwa kwa sababu ya uzito wa maji ama kikapu hawakusahau pia. Kama wanaweza kujua mama alileta kilo ngapi tarehe nane Aprili, wanaweza kujua aliacha kuitwa lini. Ofisi ya leba iziombe.

Halafu sheria. Mtu aliyeandikwa msimu baada ya msimu kwa kazi ile ile, mahali pale pale, na mwajiri yule yule, aangaliwe kama mtu wa kudumu siku mashine inapoingia kuchukua nafasi yake, apewe notisi na apewe zile siku 15 kwa kila mwaka. Kifungu cha 37 tayari kinajua hili wazo, kinasema kibarua wa kulipwa kila siku akiendelea mfululizo mwezi mmoja anaacha kuwa kibarua wa siku. Sasa kama mwezi mmoja unatosha kwa kibarua wa siku, misimu kumi na tisa inashindwaje kutosha kwa mchunaji? Wabunge wetu wa huku chai inakokua, hii ni kazi yenu, hata kama barua sikuianza na majina yenu.

Magavana, nyinyi mna ardhi na leseni na mna vyuo vya ufundi vya kaunti. Kabla hamjakubali bloku nyingine iingie mashine, ulizeni akina mama wangapi wamefunzwa kuiendesha na kuitengeneza. Hizo mashine zinaharibika kila siku, zina visu vya kunoa, zina plagi, zina mkanda, na fundi anatolewa mjini. Kwa nini fundi asiwe yule jirani yangu anayefua nguo? Na zile shilingi 50 za NITA ambazo zililipwa kwa jina lake miaka yote akiwa shambani, alifunzwa nini? Nimemuuliza. Hajawahi kusikia hilo jina.

Na muda wa nyumba. Miezi sita, ama mpaka muhula wa shule uishe, chochote kinachokuja baadaye. Hili halihitaji jopo.

Watu wa chama, siwasahau. Mmepigana na mishahara na tunashukuru, mama alikuwa analipa ada yake kila mwezi bila kukosa. Lakini wanachama wenu wanapungua kwa njia ile ile waliyotoka, kimya kimya kila Desemba, na mimi sijawahi kuona mtu wenu amesimama getini siku kontrakti zinaisha na kalamu mkononi akiandika nani ametoka. Tafadhali simameni. Ni siku moja kwa mwaka.

Najua mtaniambia dunia inabadilika, na simu ninayoandikia hii barua pia ilimtoa mtu kazini mahali fulani. Ni kweli. M-Pesa ilileta kazi hapa senta, mimi mwenyewe ni ajenti, nimeshika ile faida. Lakini M-Pesa ilipokuja ilinikuta nina duka, na mashine ya chai ilipokuja ilimkuta mama na kikapu cha kampuni na chumba cha kampuni, na vyote viwili vikarudi kwa kampuni siku moja. Ndiyo maana yangu.

Mama bado yuko Nyamira. Ana laini chache za chai za babu, anachuna mwenyewe, anapeleka kituo cha kununua majani, na wiki iliyopita aliniambia kwa simu kuna kijana kijijini amenunua kimashine kidogo cha mkono, anazunguka akichunia watu kwa malipo. Aliongea polepole. Akaniuliza, sasa na hiki nacho?

Mkiamua kuja huku, naomba msije saa sita na magari mengi, hapo mtaonyeshwa kiwanda na chai ya kuonja. Kujeni saa kumi na moja na nusu asubuhi, mshuke pale getini. Mtakuta akina mama wamejipanga wakingoja kama kuna kibarua cha kupalilia ama cha kufagia, ishirini, siku nyingine hamsini, na supavaiza anatoka anachagua wanne. Muulizeni wa kwanza kwenye laini alichuna miaka mingapi na pesilipu yake ya mwisho ni ya mwezi gani. Halafu wa pili. Mje na daftari, na kama mmesahau mimi nauza, duka ni la tatu kutoka getini, nafungua saa kumi na moja.